Mgunda Uko Nyuma ya Jiko: Leptospirosi, Majina Yake na Kinga ya Mbwa na Paka Wetu

Utangulizi

Mnamo Julai 2022, Wizara ya Afya ya Tanzania ilitangaza kwamba maradhi yaliyozuka wilayani Ruangwa, katika mkoa wa Lindi, na kuwaua watu 3 kati ya 20 waliougua, yalikuwa leptospirosi. Kabla ya tangazo hilo watu walikuwa wakiyaita ugonjwa wa ajabu, maana wagonjwa walishikwa na homa, wakaumwa na kichwa, wakachoka mno na baadhi yao wakatokwa na damu puani. Wizara iliutaja ugonjwa huo kwa jina la Kiswahili ambalo wasikilizaji wengi walilisikia kwa mara ya kwanza: homa ya mgunda.

Kwa mwanafunzi wa Kiswahili, jina hili ni la kufurahisha. Istilahi nyingi za utabibu hutufikia kwa njia ya utohozi, zikiwa na sura ya Kigiriki na mavazi ya Kibantu. Hili limechotwa katika kisima cha lugha za Kibantu zenyewe. Kwa Kiyao, mgunda ni shamba. Msomaji anayejua Kigikuyu amekwisha kulitambua, kwani kwao shamba ni mũgũnda. Na Mkamba, ambaye husema mũũnda, hayuko mbali. Wasafiri wa karne ya 19 waliofuata njia ya misafara kutoka pwani kwenda Tabora waliandika pia habari za nyika kavu iliyoitwa Mgunda Mkali. Basi homa ya mgunda ni homa ya shambani, na jina hilo linalandana na yale ambayo Wajerumani na wengineo waliupa ugonjwa huu zamani walipouona miongoni mwa wavunaji na wachimba mitaro.

Hata hivyo, jina zuri laweza kumwelekeza mtu upande mmoja tu. Makala haya yanahusu mbwa na paka tunaowafuga majumbani, na hoja yake ni kwamba mfugaji anayesikia neno "mgunda" huangalia mbali, kule kwenye mpunga na miwa, ilhali ugonjwa unapita nyuma ya jiko lake, penye pipa la taka, mfereji wa maji machafu na bakuli la chakula cha mbwa lililoachwa wazi usiku kucha.

Kiini na njia yake

Kinachosababisha ugonjwa ni bakteria ziitwazo leptospira. Ni nyembamba mno, zimejipinda mfano wa uzi wa parafujo, na ncha zake zimekunjwa kama kulabu. Mwaka 1907 daktari mmoja wa Marekani, Stimson, aliziona katika figo ya mtu aliyedhaniwa kufa kwa homa ya manjano, akazipa jina lenye maana ya "kuuliza" kwa sababu umbo lake lilimkumbusha alama ya kiulizi. Leo zinajulikana aina zaidi ya 250 za leptospira zinazoweza kuleta maradhi.

Makao yake ni figo za wanyama. Panya aliyeambukizwa haonyeshi dalili yoyote: hula, huzaa na hukimbia kama kawaida, lakini kila akikojoa humwaga viini. Hali ni hiyo hiyo, kwa viwango mbalimbali, kwa ng'ombe, nguruwe na wanyama wengi wa porini. Watafiti waliowachunguza nguchiro milia kaskazini mwa Botswana, karibu na mto Chobe, waliwakuta wakibeba leptospira figoni; na nguchiro, kama ajuavyo yeyote anayefuga kuku, si mnyama anayesubiri mwituni. Huingia uani akila mabaki na mayai.

Mkojo huo ukishuka ardhini, hatima yake hutegemea unyevu. Juani, penye ukavu, leptospira hufa upesi. Lakini katika maji yaliyotuama, katika tope, katika udongo uliolowa kivulini, huweza kuishi kwa majuma na hata miezi. Wahenga walisema maji ya kifuu bahari ya chungu. Kwa leptospira, alama ya kwato iliyojaa maji ya mvua ni bahari. Kopo lililotupwa nyuma ya nyumba ni ziwa. Mbwa hanywi maji hayo tu, bali huyakanyaga kwa miguu yenye mikwaruzo, huyalamba katika manyoya yake na kuyapitisha puani anaponusa. Viini huingia kwa njia ya ngozi iliyochubuka, au kwa utando laini wa macho, pua na kinywa. Tena mbwa huambukizwa kwa kula panya mwenyewe, au kwa kunusa na kulamba mkojo wa mbwa mwenzake, jambo ambalo kwa mbwa ni salamu ya kawaida.

Tusidhani kwamba haya ni ya vijijini pekee. Utafiti uliochapishwa mwaka 2013 kuhusu panya walionaswa Kibera, Nairobi, ulionyesha kuwa takriban asilimia 18 ya waliopimwa walikuwa na chembechembe za leptospira figoni, na wengi wao walikuwa wale panya wadogo wa nyumbani ambao hatuwaogopi. Aidha, mwaka 2004 ugonjwa huu ulizuka katika wilaya ya Bungoma, ukaingia hata katika shule, na visa zaidi ya 100 vikashukiwa. Wakati wa mvua hatari huzidi, kwani mafuriko huwafukuza panya mashimoni, huyachanganya maji ya mitaro na ya visima, na kuusambaza mkojo uliokuwa umekaa mahali pamoja. Yeyote aliyeshuhudia mafuriko ya Machi hadi Mei 2024 jijini Nairobi anajua ni nyua ngapi zilizogeuka madimbwi.

Majina mengi, ugonjwa mmoja

Historia ya ugonjwa huu ni historia ya kukosewa jina. Adolf Weil aliueleza kitabibu mwaka 1886 huko Ujerumani kuwa homa yenye umanjano na kuharibika kwa figo, nao ukaitwa kwa jina lake. Mwaka 1898 mbwa wengi waliugua na kufa mjini Stuttgart wakitapika, wakinuka vinywa na kukosa mkojo. Ukaitwa ugonjwa wa Stuttgart, na ilipita miongo kadhaa kabla ya kuthibitishwa kwamba ulikuwa jamaa wa ule wa Weil. Japani walikuwa na homa ya siku saba na homa ya vuli, hadi Inada na wenzake walipovipata viini kwa wagonjwa waliokuwa wakichimba makaa ya mawe huko Kyushu mwanzoni mwa Vita Vikuu vya Kwanza.

Kisa cha kusikitisha zaidi ni cha Hideyo Noguchi, ambaye ndiye aliyelibuni jina la leptospira. Mwanasayansi huyu wa Kijapani aliyefanya kazi Marekani alikwenda Guayaquil, Ecuador, mwaka 1918, akapata leptospira kwa wagonjwa walioaminiwa kuwa na homa ya manjano, akatangaza kwamba amekipata chanzo cha homa hiyo. Kumbe wagonjwa wale walikuwa na leptospirosi. Wenzake walipotia shaka, alisafiri hadi Accra mwaka 1927 kuitetea hoja yake, na huko huko akashikwa na homa ya manjano yenyewe, akafa Mei 1928. Ikiwa bingwa wa hadubini aliweza kuyachanganya maradhi haya mawili, hatuna haki ya kumcheka mfugaji wa Kiambu anayeona macho ya mbwa wake yamekuwa manjano na kusema kalishwa sumu.

Kwa hakika, hapa kwetu jina "sumu" ndilo linalouficha ugonjwa huu zaidi. Mbwa aliyekuwa mzima Jumatatu akakataa chakula Jumanne, akatapika Jumatano na kufa Ijumaa, humfanya mwenyewe amtafute jirani mbaya. Baadhi ya mbwa hao wamelishwa sumu kweli, hilo hatulipingi. Lakini sumu nyingi huua kwa saa chache, pamoja na mitetemeko au mapovu kinywani. Mwendo wa siku kadhaa wenye homa, umanjano na mkojo kubadilika hautakiwi kufungwa kwa hukumu ya jirani bila daktari wa mifugo kuitwa.

Jina la pili linaloficha ni homa ya kupe. Maradhi yaletwayo na kupe ni mengi sana kwa mbwa wa Kenya, na baadhi yake pia huleta homa, unyonge na umanjano. Daktari anapoyashuku huenda akaagiza doksisaiklini, dawa ambayo hutibu baadhi ya maradhi ya kupe na pia hutibu leptospirosi. Mbwa hupona, kila mtu hufurahi, na kadi yake huandikwa "kupe". Madhara ya kosa hilo hayaonekani kwa mbwa aliyepona. Yanaonekana uani, ambako hakuna aliyeambiwa asafishe penye mkojo wala kuwazuia panya.

Mbwa anapougua

Tangu kuambukizwa hadi dalili kuanza hupita aghalabu siku 5 hadi 14. Mwanzoni mbwa huwa na homa, hutetemeka, hulala pembeni na kusita kuinuka kwa sababu misuli humuuma. Akiguswa kiunoni huweza kulia. Hukataa chakula na kutapika. Dalili ambayo wenye mbwa wengi huipuuza ni kiu. Figo zinapoanza kushindwa, mbwa hunywa maji mengi na kukojoa mara kwa mara, nasi husema kwamba ni joto la Januari. Baadaye, iwapo hali itaharibika, mkojo hupungua au kukatika kabisa, jambo ambalo ni la hatari kubwa. Ini likiguswa, weupe wa macho na fizi hugeuka manjano. Wengine hukohoa na kupumua kwa shida kwa sababu damu huvuja mapafuni.

Si kila mbwa hufika huko. Wako wanaougua kidogo na kupona wenyewe, na wako wasioonyesha chochote. Hawa wa mwisho ndio wa kuangaliwa zaidi, kwani huweza kuendelea kumwaga viini kwa majuma au miezi. Kikulacho ki nguoni mwako.

Paka ana habari tofauti. Yeye hukutana na panya kuliko mbwa, na damu yake mara nyingi huonyesha kwamba amewahi kukutana na leptospira, lakini huugua kwa nadra. Ameonekana pia kumwaga viini katika mkojo, kwa hiyo mchanga au majivu anayojisaidia yasiondolewe kwa mikono mitupu. Chanjo zilizotengenezwa ni za mbwa, si za paka.

Matibabu yapo, na hufaulu yakianza mapema. Daktari huchukua damu na mkojo kabla ya kutoa dawa, humpa mbwa maji mshipani ili kuziokoa figo, huweza kuanza na jamii ya penisilini ikiwa mbwa anatapika, kisha humpa doksisaiklini kwa muda wa majuma 2 ili viini viondoke figoni. Tunasisitiza neno "figoni". Mbwa aliyeanza kula tena siku ya tatu bado anaweza kuwa chanzo cha maambukizi, na dawa iliyoachwa katikati haimalizi kazi hiyo.

Kinga: chanjo gani?

Wafugaji wengi nchini huulizwa kama mbwa amechanjwa, nao hujibu "ndiyo" kwa dhati. Wanachomaanisha ni chanjo ya kichaa cha mbwa. Kampeni za chanjo hiyo ni za kusifiwa. Kenya ilizindua mwaka 2014 mkakati wa kukomesha vifo vya watu vitokanavyo na kichaa cha mbwa ifikapo 2030. Lakini sindano hiyo haina uhusiano wowote na leptospira. Kinga ya leptospirosi hutolewa peke yake au ndani ya chanjo ya pamoja ya magonjwa kadhaa, na si kila chanjo ya pamoja huwa nayo. Kwa hiyo swali la kumwuliza daktari si "amechanjwa?" bali "amechanjwa dhidi ya nini, na lini?" Jibu liandikwe katika kadi kwa jina la ugonjwa.

Mtoto wa mbwa huanza chanjo hii akiwa na umri wa majuma 8 hadi 12, kisha hupewa dozi ya pili baada ya majuma 2 hadi 4. Mbwa mzima ambaye hajawahi kuipata naye huhitaji dozi mbili kwa mwachano huo huo. Baada ya hapo ni mara moja kila mwaka. Chanjo nyingine huweza kudumu miaka 3, na hapo ndipo watu wanapopotea: huihesabu hii kwa kalenda ya zile. Mwaka 2023 jopo la mabingwa wa tiba za wanyama nchini Marekani lilipendekeza kwamba mbwa wote wapewe chanjo ya leptospirosi kila mwaka, bila kujali wanaishi wapi. Zamani ilidhaniwa kuwa ni ya mbwa wa kuwinda na wa mashambani tu. Hapa tena tunakutana na ule mgunda wa mbali.

Sharti tuongeze jambo moja ambalo wauzaji wa chanjo hawalisemi kwa sauti. Kinga ya leptospira hufuata kundi la kiini. Chanjo za kale zilikuwa na makundi mawili, Canicola na Icterohaemorrhagiae. Za sasa nyingi zina manne. Aina za viini hupewa majina kwa kufuata mahali, watu au wanyama, na mwana Kiswahili atashangaa kuona kwamba mojawapo inaitwa Kenya, nyingine Sokoine. Ya kwanza imepatikana kwa panya buku. Ya pili ilitolewa kwa ng'ombe huko Morogoro, ikapewa jina la Chuo Kikuu cha Kilimo cha Sokoine. Sokoine imo katika kundi ambalo chanjo hulikabili. Kenya haimo, kwani ni ya kundi liitwalo Ballum. Kwa maneno mengine, mbwa wa Kenya anaweza kuwa amechanjwa barabara na bado akawa wazi kwa kiini chenye jina la nchi yake. Hii si sababu ya kuikataa chanjo, ambayo huzuia aina zinazoua mbwa wengi. Ni sababu ya kutoiachia sindano kazi yote.

Kinga: uani

Kazi iliyobaki ni ya ufagio na kifuniko. Mbwa wetu wengi ni walinzi. Hulala nje na mara nyingi hulishwa karibu na pipa la taka. Alishwe kwa saa maalumu, na bakuli liondolewe akishiba, maana ugali uliobaki usiku ni karamu ya panya. Unga na chakula cha kuku vihifadhiwe katika debe lenye kifuniko. Majani marefu ukutani yafyekwe, matundu yazibwe. Mitego ni bora kuliko sumu ya panya, kwa sababu mbwa au paka akila panya aliyekula sumu naye huweza kudhurika, nasi tutakuwa tumemtoa kwenye maji ya moto na kumtia motoni.

Maji ya kunywa yabadilishwe kila siku na bakuli lisuguliwe. Makopo, matairi na mashimo yanayotuamisha maji yaondolewe au yafukiwe. Mtu anayepigana na mbu wa malaria amekwisha kufanya nusu ya kazi hii. Kibanda cha mbwa kijengwe mahali panapopata jua, sakafu yake iinuke na iteremkie mfereji, kwa sababu ukavu ni dawa isiyonunuliwa. Wanaowatembeza mbwa msituni au kandokando ya mito, kama wafanyavyo wakazi wengi wa Nairobi huko Karura, wabebe maji ya mbwa katika chupa, wamfunge kamba penye vidimbwi, na wamkaushe miguu warudipo. Hatusemi kwamba maji ya mahali fulani yana ugonjwa. Tunasema kwamba kwa macho hayawezi kutofautishwa.

Ikiwa mbwa amethibitishwa kuugua, akojolee mahali pamoja penye jua, mbali na watoto na maji. Palipokojolewa pamwagiwe klorini ya kufulia nguo, kipimo kimoja kwa maji vipimo kumi, kisha paachwe kwa dakika kadhaa kabla ya kuoshwa. Asitumie mtu bomba lenye nguvu kupuliza mkojo huo, kwa kuwa matone yake hurukia macho na kinywa.

Kuna mtu ambaye aghalabu husahaulika katika mazungumzo haya. Mwenye mbwa humpapasa jioni. Anayefagia kibanda asubuhi, akiwa na malapa na mikono mitupu, mara nyingi ni kijana au mama aliyeajiriwa. Yeye ndiye anayekanyaga mkojo. Chanjo ya binadamu hutumiwa katika nchi chache tu, kama vile Ufaransa na Kuba, na haimo katika utaratibu wetu. Kwa hiyo anapaswa kununuliwa viatu vya mpira na glavu, afunike vidonda vyake, aoshe mikono kwa sabuni, na aambiwe wazi mbwa anapougua. Naye akishikwa na homa kali, maumivu ya kichwa na ya misuli ya miguu, au macho yakiwa mekundu, aende hospitalini mapema na amweleze daktari kwamba anaosha kibanda cha mbwa na kwamba mna panya. Huenda maneno hayo ndiyo yatakayomfanya daktari aagize kipimo kingine baada ya kile cha malaria kutoonyesha kitu.